Wino ulimkubali nani? Kombe, kalamu na kitenzi -kataa

Mwaka jana, katika kipindi cha semantiki, tulipewa zoezi lililoonekana kama mchezo. Tufikirie karatasi ya ajabu inayohisi: mwandishi akifurahi inang'aa, akiwa na hasira inajikunja, akiwa na uongo moyoni inakataa wino. Tuandike aya moja ya Kiswahili kuihusu, kisha tueleze kila kitenzi na kila upatanisho tuliotumia. Tulidhani nusu saa itatosha. Tulibishana hadi mlinzi akaja kufunga ukumbi, na ubishi haukuwa juu ya uchawi bali juu ya silabi moja: tuseme karatasi ilikasirika, au karatasi alikasirika?

Waliotaka a- walikuwa na hoja nzuri. Kiboko, kifaru na kipofu wana umbo la ki-, lakini tunasema kiboko amekuja, si kiboko kimekuja, kwa sababu uhai hushinda umbo. Katika ngano hata jiwe likianza kusema, msimulizi anaweza kulipandisha daraja: jiwe akajibu. Basi karatasi ikihisi imekuwa kiumbe, ipewe haki yake.

Mimi nilikuwa upande wa pili, na hoja yangu ilitoka katika viungo vya mwili. Kitu ambacho Kiswahili hukipa kazi ya kuhisi ni moyo na roho. Hata hivyo tunasema moyo unamuuma, roho ilimtulia. Hakuna asemaye moyo anamuuma. Hisia zenyewe nazo huwa kiima, na mtu huwa yambwa: hasira zilimpanda, hofu ilimwingia, huzuni ilimshika. Kwetu Uvira tungesema kasirani ilimupanda, lakini mpangilio ni uleule: kitu kisicho na uhai kinafika, mtu anafikiwa. Kwa hiyo kuhisi hakumfanyi mtu wala kitu kuwa a- katika Kiswahili. Karatasi ikasirike na ibaki i-.

Hoja hiyo ilikubaliwa nusu. Kilichonirudisha nyumbani ni alama nyekundu kwenye sentensi yangu ya mwisho. Nilikuwa nimeandika: Alipoandika kwa hasira, karatasi ilimkataa. Mhadhiri alizungushia -m- duara na kuandika pembeni: "Nani husema hivi?" Kukataa kuandika, ndiyo, kukataa wino, ndiyo. Lakini karatasi kumkataa mtu?

Nyanya yangu husema hivi. Ilinichukua miezi kadhaa kuelewa anaposema na asiposema.

Nyamianda ni mtaa wa mji wa Uvira, mji mwembamba ulioshikwa kati ya milima na ziwa Tanganyika. Usiku wa kuamkia tarehe 17 Aprili 2020 mvua kubwa ilinyesha, na mto Mulongwe ukaacha njia yake ukapita majumbani. Watu walikufa, maelfu ya nyumba yakaharibika. Sisi tulitoka wote tukiwa wazima, jambo ambalo majirani kadhaa hawawezi kulisema. Asubuhi mama alianika karatasi zetu juu ya bati moja lililoanguka: vyeti vya kuzaliwa, vya ubatizo, ripoti za shule. Maandishi ya biki yalikuwa yamebaki karibu yote, maana wino wake una mafuta na maji hayauwezi kwa urahisi. Mihuri ndiyo iliyoyeyuka ikawa mawingu ya zambarau. Cheti cha mdogo wangu kilibaki na jina lake, kikapoteza muhuri wa serikali.

Mdogo wangu alikuwa na miaka 9. Baada ya usiku ule alianza kuogopa bati. Mvua ikigusa paa, hata manyunyu, anakaa kitako katikati ya kitanda, ameziba masikio, hasemi, na hata akiitwa haitiki mpaka kukuche. Shule zilikuwa zimefungwa kwa ajili ya korona, kwa hiyo hakukuwa hata na asubuhi ya kumtoa katika mawazo hayo.

Nyanya mzaa baba ni Mwislamu, mama ni Mkatoliki. Nyumbani jambo hilo huendeshwa kwa adabu: kila mmoja anajua chupa ya mwenzake iko wapi, na hakuna anayeigusa. Mama alikuwa amejaribu maji ya baraka na sala. Ramadhani ilipokaribia, nyanya alisema kwa upole kwamba sasa ni zamu yake, akachukua sahani nyeupe kabatini, akaniambia nimfuate na mtoto.

Tulikwenda kwa mwalimu mmoja wa madrasa, mzee. Alimuuliza mtoto jina lake na jina la mama yake. Akaloweka zafarani katika kikombe kidogo cha kahawa pamoja na maji ya waridi, akatafuta kijiti chake cha mwanzi. Halafu akaketi tu. Nilidhani amesahau. Nyanya alinikonyeza nikae kimya. Baadaye mzee alitueleza, bila kuulizwa, kwamba kabla hatujaingia alikuwa amegombana na mtu juu ya mpaka wa kiwanja, na kwamba kombe haliandikwi kwa hasira. Lililoandikwa kwa hasira huchelewa. Alitumia neno hilo: linachelewa. Akaenda kutia udhu upya, akarudi, akaandika Fatiha na Ayat al-Kursi kwa mistari inayozunguka kuelekea katikati ya sahani, mpaka weupe ukaisha.

Nilipopewa zoezi la karatasi ya ajabu miaka mingi baadaye, nilikumbuka sahani ile na yule mzee aliyekaa akingoja hasira imtoke.

Kisha maandishi yalimiminiwa maji, yakatikiswa taratibu, yakawa manjano. Hakuna aliyeyasoma. Yaliingia katika chupa ya soda, ya kunywa asubuhi tatu. Mimi nilipewa sahani nibebe. Njiani niliona chini kumebaki maji kidogo, nikayanywa. Nilikuwa na miaka 18 na mimi pia nilikuwa nikiamka usiku nikisikia mto, lakini mtu wa miaka 18 haulizwi.

Kwa wasomaji wasiolijua, kombe ni desturi ya Waswahili Waislamu, inayojulikana sana pwani na visiwani. Hanna Nieber ameichunguza katika mji wa Unguja. Wako Waislamu wanaoipinga, wakisema aya ni za kusomwa na kufuatwa, si za kunywewa, na ubishi huo umefika hadi kwetu. Makala haya hayaamui kati yao. Desturi yenyewe ni pana kuliko Kiswahili. Abdullahi Osman El-Tom aliandika mwaka 1985 juu ya Waberti wa Darfur, ambao huosha maandishi kutoka ubao wa chuoni na kuyanywa, na akaonyesha kwamba kwao hiyo ni njia ya kuyaweka maneno matakatifu ndani ya mwili. Wahausa hufanya vivyo hivyo, na maji yale huyaita rubutu, neno lilelile la "maandishi". Mhausa akinywa, anakunywa maandishi, na lugha yake inasema hivyo waziwazi.

Kiswahili kimekwenda njia nyingine: kimeita maji kwa jina la chombo. Kombe ni sahani kubwa, ni gamba la chaza, ni mfupa mpana wa bega, na siku hizi ni kitu kinachobebwa na nahodha wa timu ya mpira. (Kakombe, mtaa jirani na wetu, siuingizi hapa, majina ya mahali yana sheria zake, na nimeonywa.) Kwa hiyo hatunywi maandishi, tunakunywa sahani, kama tunavyosema nimekunywa vikombe viwili. Lakini kitenzi kimehifadhi kitu. Kuandika si kuchora herufi tu. Kuandika meza ni kuitandaza na kuipanga kwa ajili ya wageni, na kuandika chakula ni kukiweka tayari mbele ya watu. Maana hiyo ya kuweka tayari bado iko katika kamusi na katika vinywa vya wazee. Anayeandika kombe anaandika kwa maana zote mbili pamoja: anachora herufi na anamwandalia mtu kitu cha kuingiza kinywani.

Sasa nirudi kwenye duara jekundu.

Majuma machache baadaye mdogo wangu alianza kulala. Mama alisema, na hakukosea, kwamba tulikuwa tumehamia kwa ndugu upande wa mlimani, mbali na mto, na kwamba mvua za masika zilikuwa zinaisha. Nyanya alisema: "Dawa ilimukubali." Nilipoungama kwamba nami nilikunywa yaliyobaki na bado naamka usiku, alicheka mpaka akashika mbavu. "Wewe ilikukatala. Haikukujua."

Sentensi hizo nimezibeba hadi chuoni. Tuziweke pamoja na jamaa zake:

(1) Dawa imemkubali mgonjwa.
(2) Dawa imemkataa mgonjwa.
(3) Pikipiki imekataa kuwaka.
(4) Biki imekataa kuandika.

Katika (3) na (4) kitu kinakataa kazi yake, na kazi hiyo inatajwa kwa kitenzi-jina. Hakuna mtu ndani ya sentensi. Katika (1) na (2) kitu kinakubali au kinakataa mtu, na mtu huyo anashikwa na kiambishi cha yambwa. Je, dawa hapo ni mtendaji? Nilijaribu vipimo vya kawaida kwa watu wa nyumbani.

(5) *Dawa imemkataa mgonjwa kwa makusudi.
(6) ?Mgonjwa amekataliwa na dawa.

Ya (5) iliwachekesha wote, na kicheko cha pamoja ni ushahidi mzuri katika kazi hii. Ya (6) mama aliikubali shingo upande: "Hiyo ni Kiswahili ya radio." Dawa basi inapewa kitenzi cha mwenye hiari, kisha inanyimwa hiari yenyewe. Kwa upande huo inafanana na hofu ilimwingia: kiima kinafika kwa mtu bila kuamua kufika.

Nilidhani nimeona kanuni. Kitu kikataacho mtu ni kile kinachoingia mwilini: dawa, chakula, maziwa yanayomkataa mtoto, hata hewa, maana watu wa Uvira wakipanda kuishi Bukavu, kwenye baridi, hurudi wakisema hewa ya kule iliwakataa. Wino wa kalamu hauingii mwilini, ndiyo maana unaishia kukataa kuandika. Wino wa kombe unanywewa, ndiyo maana unaweza kumkataa mtu. Jibu la zoezi lingekuwa fupi: karatasi ya ajabu haiwezi kumkataa mwandishi kwa Kiswahili mpaka aitafune. Niliandika rasimu nzima juu ya msingi huo na niliipenda.

Mwanafunzi mwenzangu kutoka Bukavu aliivunja kwa sentensi moja, tukiwa tunangoja mtihani wa fonolojia:

(7) Biki hii imenikataa leo.

Hakuna mtu anayenywa biki. Lakini sote tuliokuwa pale tulielewa, na hakuna aliyecheka. Nikamuuliza ni lini husema hivyo badala ya (4). Alifikiri, akasema: wakati biki ni nzima. Ukimpa jirani, inaandika. Ukiichukua wewe, mkono una jasho, inaruka mistari. Biki iliyokwisha imekataa kuandika, na haikumkataa mtu yeyote.

Hapo ndipo nilipoona kwamba mwili haukuwa kanuni. Kanuni ni kuchagua. -kubali na -kataa pamoja na yambwa ya mtu hudai kwamba kitu hicho kingeweza kuwa vingine kwa mtu mwingine. Dawa isiyomponya mtu yeyote haikumkataa mgonjwa, ni mbovu tu, na tunasema haifanyi kazi. Hewa ya Bukavu imenikataa inasemwa na mtu ambaye shemeji zake wako kule na wananawiri. Kila (2) ina kivuli cha (1) kwa mtu mwingine. Dhana hii inaeleza pia kwa nini "dawa ilifanya kazi" si tafsiri ya "dawa ilimkubali", ingawa katika tasnifu tunaandika hivyo kila siku. Ya kwanza inazungumzia dawa. Ya pili inamtenga mtu mmoja na wengine.

Ili kupima dhana, inafaa kutafuta wino ulioharibika bila kuchagua, na Kongo ya mashariki ina mmoja maarufu. Mwaka 1871 David Livingstone alikuwa Nyangwe, Maniema, kwenye mto Lualaba. Karatasi na wino vilikuwa vimemwishia. Alichukua gazeti kuukuu la London, The Standard, akaandika juu ya maneno yaliyochapwa, akikata mistari yake kupita mistari ya gazeti, kwa wino uliotokana na zingifuri, rangi nyekundu ya kutia nguo. Juu ya karatasi hiyo aliandika habari za soko la Nyangwe na bidhaa zake, na juu ya karatasi hiyo aliandika yaliyotokea tarehe 15 Julai, wakati watu wa wafanyabiashara wa misafara walipowafyatulia risasi watu waliokuja sokoni, wengi wao wanawake, na mamia wakafa kwa risasi au kwa kuzama mtoni. Miezi minne baadaye alipita kwetu, yeye na Stanley ndani ya mtumbwi, kuutazama mto Ruzizi unavyoingia ziwani. Lugha ninayoiandikia makala haya ilifika kwenye ziwa letu kwa misafara ya aina hiyohiyo. Sijui namna nzuri ya kuisema habari hiyo, ila si haki kuipita kimya katika jarida la idara ya lugha za Kiafrika.

Wino ule ulififia. Kwa zaidi ya karne watu walijua kisa hicho kupitia nakala: kwanza ile aliyoinakili mwenyewe katika daftari lake safi, kisha kitabu alichokihariri Horace Waller na kukitoa mwaka 1874 baada ya Livingstone kufa. Ni mwaka 2011 tu ambapo watafiti waliozipiga picha kurasa hizo kwa mianga mbalimbali, mingine isiyoonekana kwa macho, walitoa maandishi ya awali yakasomeka, na yakaonekana kutofautiana na nakala zilizofuata.

Je, tunaweza kusema wino wa zingifuri ulimkataa Livingstone? Nimewauliza watu niliowapa kisa hiki, na wote waliirudisha sentensi. Wino ulififia, wino uliisha nguvu, wino haukukaa. Ulififia kwa kila msomaji, na ulififia sawasawa palipoandikwa bidhaa za soko na palipoandikwa maiti. Usiochagua hauwezi kukataa mtu. Mwandishi yule bila shaka alikuwa na huzuni na hasira kubwa siku ile, na wino haukujua. Kilichobadilika kwa sababu ya hisia na hofu za watu ni nakala, na nakala ziliandikwa kwa wino mzuri.

Nikirudi kwa sahani ya nyanya, swali linakuwa gumu zaidi kwangu, kwa sababu mimi mwenyewe ni nusu ya data. Mdogo wangu ni (1), mimi ni (2). Bila mimi kuramba sahani, "dawa ilimukubali" ingekosa mtu wa kulinganishwa naye. Na nyanya alitoa sababu ya kuchagua, kwa neno moja ambalo nililipita mara nyingi kabla ya kulisikia: haikukujua. Mwalimu aliuliza jina la mtoto na la mama yake. Aliandika kwa nia iliyotajwa. Hakuna aliyenitaja. Kwa hiyo, kwa mantiki ya nyanya, sahani haikupima hisia zangu ikaziona pungufu. Kuogopa nilikuwa naogopa kama mdogo wangu. Haikuandikwa kwa ajili yangu, basi.

Hapo karatasi ya zoezi letu na kombe vinaachana. Karatasi ya ajabu inaitikia hisia yoyote inayoigusa, kama kioo. Kombe linangoja hasira ya mwandishi ipoe, halafu linamwendea mtu mmoja aliyetajwa, na hofu ya mwingine hailihusu. Mhadhiri alipouliza "Nani husema hivi?" nilidhani anauliza juu ya lahaja. Sasa naona sentensi yangu ilikuwa na kosa ambalo duara halikulionyesha. Niliandika karatasi ilimkataa bila kumpa msomaji mtu mwingine ambaye karatasi ilimkubali. Sarufi iliniruhusu, muktadha haukuniruhusu. Nimempelekea aya mpya yenye ndugu wawili ndani yake. Ameiacha bila duara, ila ameandika kwamba mfano mmoja wa familia moja si utafiti, na ni kweli. Kazi inayofuata ni kukusanya -kubali na -kataa kutoka Baraka, Uvira, Bujumbura na Kigoma, kwa watu wasionijua na wasiojua natafuta nini.

Kabla ya hapo, likizo iliyopita, nilifanya ambalo nilipaswa kulifanya kwanza. Mdogo wangu sasa ana miaka 15 na anacheza mpira pembeni ya ule mto. Mvua ikinyesha anafunga madirisha kama mtu mwingine yeyote. Nilimsomea sentensi (1) na (2), nikamuuliza ipi ni yake, dawa ilimkubali au haikumkubali. Alikuwa anakula, hakuinua hata kichwa.

"Yaya, sikumbuke dawa," alisema. "Mie, kiu njo ilikuwa imenishika."

Nimeiandika daftarini kama (8).